Ibn Khaldun: Tunamtaja sana, tunamsoma kidogo

Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anayesoma sosholojia katika vyuo vyetu, awe Iringa au Mbeya, hukutana na majina matatu kabla hata hajaizoea njia ya kwenda maktaba: Karl Marx, Emile Durkheim na Max Weber. Kabla yao huambiwa habari za Auguste Comte, Mfaransa aliyeipa elimu hiyo jina lake mwishoni mwa miaka ya 1830. Baada yao huja wa karne ya 20, akina Talcott Parsons, Robert Merton, Michel Foucault na Pierre Bourdieu. Muhula ukimalizika, kijana anajua kwamba dini kwa mujibu wa Marx ni kitulizo cha wanaoonewa, na kwa mujibu wa Durkheim ni jamii inayojitukuza yenyewe pasipo kujua. Kijana huyu amelelewa madrasa. Anarudi likizo akiwa na maswali ambayo hathubutu kumuuliza baba yake, na akimuuliza ustadhi wa mtaani anaambiwa aachane na masomo ya makafiri.

Hao ndio wanaonijia. Nafundisha Elimu ya Dini ya Kiislamu hapa Mbeya, na kila ninapopata nafasi huenda Iringa kwenye darsa la wanafunzi wa vyuo. Nimeona majibu mawili wanayopewa vijana hawa, na yote mawili siyapendi. La kwanza ni hilo la kuacha somo. La pili ni kuwapa jina la Ibn Khaldun kama rungu: nenda kamwambie mhadhiri wako kwamba sosholojia tumeianzisha sisi Waislamu miaka mia tano kabla ya Wazungu! Kijana analichukua rungu hilo, anaingia nalo darasani, mhadhiri anamuuliza Ibn Khaldun alisema nini hasa, naye anabaki anatazama dirishani.

Kwa hiyo mimi huanza na maisha ya mtu mwenyewe. Huwaambia wanafunzi wangu kwamba nadharia haikuanguka kutoka mbinguni, bali imetoka kwa mtu aliyeishi, akaona, akafiwa, akafungwa.

Abdurrahman bin Muhammad bin Khaldun alizaliwa Tunis tarehe 1 Ramadhani mwaka 732 Hijria, yaani mwezi Mei 1332. Ukoo wake ulijinasibisha na Hadhramaut, kulekule walikotoka wazee wengi wa pwani yetu na baadhi ya wenye maduka ya zamani katika miji yetu ya nyanda za juu. Mababu zake waliingia Andalusia, wakawa watu wakubwa Ishbilia, mji ambao leo unaitwa Sevilla, kisha wakahama kabla Wakristo hawajauteka mwaka 1248. Basi alizaliwa katika nyumba ya elimu iliyokuwa na kumbukumbu ya utukufu uliopotea. Alihifadhi Qur'an, akasoma lugha, Hadithi na fiqhi ya Imam Malik, na kwa mwalimu wake al-Abili akasoma mantiki, hesabu na falsafa.

Akiwa na miaka 17 hivi tauni ilifika Tunis. Hii ni ile tauni kubwa ya mwaka 1348 na 1349 iliyofagia watu kuanzia Asia mpaka Ulaya. Ilimchukua baba yake, mama yake na wengi wa walimu wake. Wanafunzi wangu wa leo waliopitia habari za korona mwaka 2020 hulielewa jambo hili upesi kuliko waliowatangulia. Miaka mingi baadaye, alipokuja kuandika kwa nini miji inapungua watu na dola zinadhoofika, hakuwa anasimulia ya kuhadithiwa. Alikuwa ameona mji wake ukifungwa milango nyumba kwa nyumba.

Baada ya hapo inakuja sehemu ambayo watoa mihadhara wetu huiruka. Ibn Khaldun alikuwa mwanasiasa, tena wa kuhamahama. Alianza kama mwandishi wa alama ya Sultani mjini Tunis, akahamia Fas kwa Sultani Abu Inan, akatuhumiwa kula njama, akafungwa jela mwaka 1357 na kukaa humo karibu miaka miwili mpaka Abu Inan alipofariki. Akamtumikia huyu, akamwacha, akamtumikia yule aliyempindua. Mwaka 1362 alivuka kwenda Granada alikopokewa kwa heshima na rafiki yake, waziri Ibn al-Khatib. Mwaka 1364 alitumwa kwa Pedro, mfalme wa Kikristo aliyetawala Ishbilia. Mfalme akataka abaki, akaahidi kumrudishia mali za mababu zake. Alikataa kwa adabu. Kisha akawa mkuu wa shughuli za dola mjini Bijaya, bwana wake akauawa, naye akaingia kwa makabila ya jangwani, akiwakusanyia masultani wapiganaji kutoka kwa Waarabu wa mabadia. Simtetei. Wakati mwingine alihama pale tu alipoona mashua inaanza kuzama. Lakini mtu asiyewahi kukaa karibu na masultani saba angeandikaje sababu za kuanguka kwao?

Kuna kisa kimoja cha kipindi hicho ambacho wanafunzi hawakisahau. Ibn Battuta aliporejea Fas kutoka safari zake, alisimulia mambo ya India watu wakanong'onezana kwamba ni mwongo. (Huyu ndiye aliyefika Kilwa mwaka 1331, mwaka mmoja tu kabla ya Ibn Khaldun kuzaliwa.) Ibn Khaldun, kijana wakati huo, naye akashuku, akamwendea waziri Faris bin Wadrar. Waziri akamtahadharisha asikanushe jambo kwa sababu tu hajaliona, akampigia mfano wa mtoto wa waziri mmoja aliyekulia gerezani na baba yake. Mtoto akauliza nyama wanayokula ni ya mnyama gani, akaambiwa ni kondoo, akasimuliwa kondoo alivyo. Lakini kwa kuwa gerezani hakuwa ameona mnyama ila panya, akadhani kondoo ni aina ya panya. Ibn Khaldun alikiweka kisa hicho kitabuni mwake. Hapohapo akaweka na mizani ya upande wa pili: habari isipokelewe kwa sababu tu imesimuliwa na mkubwa. Alichukua simulizi iliyozagaa kwa wanahistoria kwamba jeshi la Nabii Musa (a.s.) lilikuwa na wapiganaji laki sita na zaidi, akaihesabu. Kutoka Yaaqub hadi Musa ni vizazi vichache tu, vipi wakazaliana kiasi hicho? Na jeshi la ukubwa huo litapangwaje vitani, mwisho mmoja usijue yanayotokea mwisho wa pili? Akaikataa.

Hili pekee lingetosha kuwa somo la muhula mzima. Tunaosambaziana habari kwenye simu bila kuuliza zimetoka wapi, kisha tukajisifu kwa Ibn Khaldun, tunajisifu kwa mtu ambaye angetutoa darasani.

Mwaka 1375 alichoka. Rafiki yake Ibn al-Khatib alikuwa amenyongwa gerezani huko Fas. Ibn Khaldun alichukua familia yake akaomba hifadhi kwa kabila la Awlad Arif, wakampa makazi katika ngome ya Bani Salama, katika nchi ambayo leo ni Algeria. Akakaa huko karibu miaka minne, mbali na maktaba na mbali na masultani. Mwaka 1377, kwa miezi mitano, akaandika rasimu ya Muqaddima, utangulizi wa kitabu chake kikubwa cha historia. Akasema wazi kwamba anaanzisha elimu mpya inayojitegemea, ambayo somo lake ni umran, yaani maisha ya watu pamoja: kazi zao, chakula chao, utawala wao, miji yao, elimu zao.

Hapa ndipo huifunga ramani ya Maghrib na kufungua ya kwetu. Wazo lake kuu ni asabiya, ule mshikamano unaomfanya mtu awe tayari kufa kwa ajili ya mwenzake. Watu wa maisha magumu, wa mabadia na milimani, wanao mwingi. Kwa nguvu hiyo wanaangusha dola ya watu wa mjini, wanakaa wao kwenye kiti, wajukuu wanazoea anasa, mtawala anawasukuma kando ndugu waliomwinua na kuleta askari wa mshahara, kodi zinapanda huku mapato yakishuka, na baada ya vizazi vitatu, takribani miaka 120, wanakuja wengine wenye njaa.

Mwanafunzi wa Iringa haitaji kwenda Fas ili alione hili. Katikati ya karne ya 19, Munyigumba alizikusanya himaya ndogo ndogo za Uhehe zikawa kitu kimoja. Zilishikamana kwa sababu zilizungukwa na hatari, Wasangu upande mmoja na Wangoni upande mwingine. Mwanawe Mkwawa alipotulia kwenye kiti baada ya ugomvi wa urithi, alikuwa na jeshi ambalo tarehe 17 Agosti 1891, pale Lugalo, lilimuua kamanda wa Wajerumani, Emil von Zelewski, na kuvunja kabisa kikosi chake. Asabiya hiyo! Kisha ikaja Kalenga, ngome ya mawe, iliyoanguka Oktoba 1894, na Mkwawa akaishi msituni mpaka Julai 1898 alipojiua ili asikamatwe.

Kijana mmoja mwenyeji wa Kalenga aliwahi kunibana. Mkwawa, alisema, hakuangushwa na anasa wala kizazi cha tatu, aliangushwa na mizinga. Nadharia yako, Ustadhi, haifanyi kazi hapa. Nilifurahi sana, maana ndivyo nadharia inavyotakiwa kutendewa. Nikamjibu kwamba ana haki kwa sehemu kubwa, Ibn Khaldun hakujua habari ya dola inayotoka ng'ambo ya bahari na bunduki za kiwandani. Lakini tuulize maswali yake. Kwa nini Merere wa Usangu alikuwa upande wa Wajerumani? Kwa sababu Wahehe walikuwa wamewafukuza watu wake nchini kwao, na Wajerumani waliwarudisha. Kwa nini Mpangile, ndugu wa damu wa Mkwawa, alikubali kutawazwa na Wajerumani, kabla hawajamgeuka na kumnyonga mwaka 1897? Mizinga ilibomoa ukuta. Mshikamano ulikuwa umeshaingiwa na nyufa zake wenyewe.

Huku Mbeya pingamizi lilitoka kwa binti wa Tukuyu, tena lilikuwa kali zaidi. Ibn Khaldun huanza asabiya kwenye damu. Lakini Wanyakyusa wa zamani, kama walivyoandika Monica na Godfrey Wilson waliofanya utafiti Rungwe kati ya mwaka 1934 na 1938, walijenga vijiji kwa rika. Vijana wa kiume walitoka nyumbani kwa baba zao wakajenga pamoja na wenzao wa umri mmoja, na kuoa wakaoa humo, wakazeeka humo. Jirani alikuwa mtu wa rika, si wa ukoo. Monica Wilson alikitoa kitabu chake juu ya vijiji hivyo mwaka 1951. Basi mshikamano huo wa damu uko wapi? Tukarudi kitabuni. Kumbe Ibn Khaldun mwenyewe amesema nasaba ni jambo la dhana, faida yake ni ule ukaribu unaouleta, na kwamba ahadi, kuishi pamoja na kulindana huzaa asabiya kama damu inavyozaa. Nenda Mwanjelwa ukaangalie Wakinga wanavyoinuana kibiashara. Kijana anatoka Makete, anakaa dukani kwa mjomba miaka kadhaa bila mshahara wa kueleweka, kisha anapewa mtaji wa kuanzia. Hiyo ni damu na ahadi kwa pamoja.

Na tukipita kwenye basi kati ya Chimala na Igawa, bonde la Usangu likiwa wazi mbele yetu, huwaonyesha walikoondolewa wafugaji na ng'ombe wao mwaka 2006 na 2007. Mfugaji na mkulima, anayehama na aliyetulia. Sura za mwanzo za Muqaddima zinahusu watu hao hao.

Sasa turudi kwa yule mwanafunzi na swali lake juu ya dini. Ibn Khaldun aliona, kabla ya Marx, kwamba watu hutofautiana hali kwa kadiri wanavyotofautiana katika kutafuta maisha. Aliona, kabla ya Durkheim, kwamba dini huunganisha nyoyo na kuzidisha nguvu ya kundi, na akasema hata da'wa ya mageuzi haisimami bila watu walioshikamana nyuma yake. Tofauti ni kwamba Durkheim akishaona dini inaunganisha jamii, anahitimisha kwamba jamii ndiyo iliyojitengenezea dini. Hiyo hatua ya pili hailazimiki kutokana na ya kwanza. Kadhi wa Kimaliki aliichunguza kazi ya dini katika jamii kwa ukali uleule, na wahyi akauacha kwa Mola aliyeuteremsha. Kijana akiielewa nukta hii anaweza kusoma Durkheim kwa utulivu, akachukua alichokiona sawasawa (na aliona mengi), bila kuogopa kwamba imani yake itabaki kwenye chumba cha mtihani.

Kuna jambo jingine ambalo silifichi. Katika kuzungumzia maeneo ya joto, Ibn Khaldun alikataa uzushi kwamba weusi ni laana ya Nabii Nuh kwa kizazi cha Ham. Alisema rangi inatokana na hali ya hewa, na katika zama zake hilo lilikuwa jambo kubwa. Lakini katika kitabu hichohicho aliandika maneno mabaya juu ya watu weusi wa kusini, kwamba wana wepesi wa akili, kwamba wanaukubali utumwa kirahisi, na wengine akawashusha karibu na wanyama. Tufanye nini nayo? Wapo walionishauri niiruke sehemu hiyo, tusiwape maadui silaha. Mimi huisoma mbele ya wanafunzi weusi, wajukuu wa waliopigana Lugalo, kisha nawaambia waitumie mizani yake mwenyewe. Je, mtu huyu alifika? Aliwaona wangapi? Alisimuliwa na nani? Aliyeikataa hesabu ya jeshi la Musa hapa alipokea simulizi za wafanyabiashara wa watumwa bila kuzihesabu. Alikosea, na kosa lake linapimwa kwa kanuni aliyotufundisha yeye. Hakuwa maasumu, na katika itikadi yetu hakuna mwanachuoni aliye maasumu.

Miaka yake ya mwisho ilikuwa Misri. Mwaka 1378 alirudi Tunis kwa haja ya vitabu, mufti Ibn Arafa akawa hasimu yake, na mwaka 1382 akaomba ruhusa ya kwenda Hija, akapanda jahazi hadi Iskandaria. Kairo ilimstaajabisha. Akafundisha al-Azhar, na mwaka 1384 Sultani Barquq akamfanya kadhi mkuu wa Kimaliki. Aliwabana mashahidi wa uongo na waandishi wa hati waliokuwa wakila rushwa, akajaza maadui mjini. Mwaka huohuo mke wake na watoto, waliokuwa wakimfuata kwa jahazi kutoka Tunis, walizama baharini. Aliyepoteza wazazi kwa tauni akapoteza na aila kwa dhoruba. Muda si mrefu akaachishwa ukadhi. Akahiji mwaka 1387, akarudi, akateuliwa tena na kuondolewa tena, jumla yake mara sita.

Januari mwaka 1401 alikuwa ndani ya Damascus iliyozingirwa na Timur. Sultani wa Misri alikuwa amekimbia kurudi Kairo kwa hofu ya mapinduzi. Mzee huyu wa karibu miaka sabini akashushwa kwa kamba kutoka juu ya ukuta wa mji, akaenda kwenye hema la mshindi. Wakazungumza siku nyingi. Timur akataka aandikiwe habari za nchi za Maghrib, naye akamwandikia. Akampa zawadi msahafu, mswala, nakala ya Burda na haluwa za Kimisri. Mji ukaporwa na kuchomwa moto hata hivyo. Wengine humlaumu kwa mazungumzo yale. Nadhani alikuwa anafanya alichofanya maisha yake yote, kumtazama kwa karibu mtu mwenye asabiya nyuma yake.

Alifariki Kairo mwezi wa Ramadhani, mwezi aliozaliwa, mwaka 808 Hijria, yaani Machi 1406, akiwa ndio kwanza amerejeshwa kwenye ukadhi kwa mara ya sita. Akazikwa kwenye makaburi ya Masufi nje ya Bab al-Nasr. Waturuki wa dola ya Uthmaniya walimsoma mapema kuliko Ulaya. Mwaka 1917 Taha Hussein wa Misri, mtu asiyeona, alikuwa Paris akiandika tasnifu juu yake, na mmoja wa wasimamizi wake alikuwa Durkheim huyuhuyu wa kwenye mihtasari yetu. Mwaka 1981 Rais Ronald Reagan wa Marekani alimtaja alipokuwa akitetea kupunguza kodi. Mwaka 2014 Syed Farid Alatas alitoa kitabu cha kuonyesha namna ya kuitumia nadharia yake kwenye utafiti wa leo, na hicho ndicho ninachowapa wanafunzi baada ya Muqaddima.

Darsa la Iringa sasa limefika kwa Max Weber. Kijana wa Kalenga amekwenda kwa wazee kukusanya nasaba ya watawala wa Uhehe, na ameagizwa kwamba kila simulizi aandike mbele yake imetoka kwa nani, naye aliipata wapi.